Mshika Kamba wa Mzingile

Marehemu alikuwa na umri wa miaka ishirini na kitu, na alikuwa amekufa kwa uzee. Ndivyo alivyosema daktari wa polisi, kisha akavua glavu na kuomba asiulizwe maswali mengine kabla hajapata chai.

Alikuwa bado amekaa kwenye benchi mlangoni mwa Mzingile, kichwa kimeegemea ukuta, nywele nyeupe pe, mdomo umebonyea kwa kukosa meno. Gauni lilikuwa la kijana, la rangi ya chungwa, na kucha za miguu zilikuwa zimepakwa rangi juzijuzi tu. Kwenye kifundo cha mkono wa kushoto alikuwa amefungwa kamba, na kamba ile ilipita mlangoni, ikashuka ngazi na kupotelea gizani.

Inspekta aliitazama kamba kabla ya kuutazama uso. Alikuwa mwanamke mnene, mvivu wa kusalimia, na kituoni walimwita Bi Kwanini, tena si kwa mapenzi. Alichuchumaa kwa shida, akaliangalia fundo bila kuligusa. Koplo wake alikuwa ameshageuza uso pembeni. Alikuwa na dada wa umri huo huo nyumbani.

Kwa asiyeujua Mzingile, maelezo yake ni mafupi na hayapendezi. Chini ya kiwanda cha matofali kilichofungwa siku nyingi kuna vichochoro vya mawe vinavyozunguka na kujirudia na kukudanganya, mpaka ufike chumba cha katikati. Ukikaa humo na mshumaa, unarudishiwa saa moja ya siku iliyopita, uitakayo mwenyewe. Utaiona, utaisikia, utainusa, lakini hutahamisha humo hata kijiko. Na saa hiyo haitoki hewani. Ndugu yako wa damu anakaa mlangoni ameshika kamba uliyofungwa kiunoni, na saa yako inakatwa kwenye maisha yake. Mshumaa mmoja humla miezi kadhaa, akaondoka na mvi mbili tatu na goti linalouma. Ukiongeza mshumaa juu ya mshumaa, haiwi tena miezi, inakwenda miaka, na inakwenda mbio.

Ndiyo maana kuna sheria, na ya kwanza ni kwamba mshika kamba hafungwi. Anaishika kwa kiganja tu, ili akiona mambo yamezidi aiachie, na aliye ndani anabaki na giza lake. Manispaa ilihangaika miaka na miaka kuamua kama pale ni mgodi, hospitali au mahali pa ibada, ikachoka, ikaweka kibao cha kukataza kutupa takataka.

Huyu alikuwa amefungwa, tena barabara.

Aliyevishwa pingu kwa ajili hiyo ni Bawabu, mzee mkavu aliyeulinda Mzingile tangu ana meno yote, na sasa mbele amebakiwa na pengo la kupitisha kidole. Mama wa marehemu alikuwa ameshamweleza Koplo kila kitu. Alisema kwamba kabla hajashuka alimwona Bawabu akimfunga binti yake, akadhani ndio utaratibu. Aliingia, akakaa na mshumaa aliopewa, ulipokwisha akatoka kinyumenyume kama wanavyotakiwa, taratibu, akamkuta mwanawe hivi. Maneno hayo yalikuwa yameshavuka ukuta. Getini palikuwa na watu, na mmoja wao alikuwa ameshika galoni la petroli, hajifichi. Kama kauli ya mama ingesimama, Bawabu asingefika hata mahakamani.

Baba wa marehemu hakuwa na habari na petroli. Alikuwa fundi wa makochi, kaletwa kutoka karakana huku vipande vya sponji bado vimeng'ang'ania shati lake, akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa mbele ya binti yake ambaye sasa alionekana kama ndiye aliyemzaa yeye. Inspekta alipopita, baba alimshika mkono wa koti.

"Sitaki kujua kingine, Afande. Nataka kujua nani alimfunga mwanangu."

Inspekta hakumwahidi kitu. Alishawahi kuwaahidi watu, na hakuona kumewasaidia nini.

Alianza na Bawabu. Mzee alieleza kwamba alimfunga mama kiunoni, akampa binti kamba kiganjani, akampa mama mshumaa mmoja, kisha akachukua toroli lake na kwenda kuchota majivu ya kesho kwenye tanuri la mikate mtaa wa pili. Majivu hayo huyamwaga vichochoroni kila asubuhi, ili aone nani katoka vizuri na nani kavunja sheria. Aliporudi alikuta kilio. Koplo alitumwa kwa waoka mikate, akarudi na jibu kwamba ni kweli, Bawabu alikuwa pale, tena alikaa akibishana mpira mpaka wakamfukuza. Koplo hakuridhika. Mtu anaweza kumfunga mwenzake kwanza, alisema, halafu akaenda zake kubishana mpira.

"Kwanini?" Inspekta aliuliza.

Koplo akatazama viatu vyake.

Inspekta akamgeukia Bawabu, akamuuliza kama mama na binti walikuwa wageni. Hapana, walikuja mwezi uliopita. Mara ile binti alibanwa na kifua katikati ya mshumaa, akaiachia kamba, na Bawabu akampongeza kwa sababu ndivyo walivyofundishwa. Mama alipanda ngazi amevimba kwa hasira. Akaketi kwenye benchi karibu na binti, akasema naye kwa sauti ya chini.

"Alimwambia nini?"

"Sikusikia, Afande. Nilimwona tu binti amekigeuza kiganja chake, anakitazama."

Walishuka na taa mbili. Chini palikuwa na baridi na harufu ya mkate ulioungua, kwa sababu ya majivu. Walifuata kamba. Inspekta alitembea akibana ukuta asiharibu alama, na Koplo, ambaye alijitia haogopi, alitembea akimbana Inspekta. Nyayo za kwenda zilikuwa za mtu mmoja tu, mwanamke, miguu mitupu, zimekanyaga sawasawa, hatua za mtu anayejua anakokwenda. Za kurudi ndizo zilizomsimamisha Inspekta.

Anayetoka Mzingile hutoka kinyumenyume, ili zamani isimfuate nyumbani. Iwe kweli, iwe ushirikina, watu huitii, na nyayo zao zote, za kwenda na za kurudi, huelekeza vidole ndani. Hizi zilielekeza vidole mlangoni. Mbele zilikuwa zimechimba, visigino havikugusa, majivu yamerukia ukutani. Kwenye kona moja mtu alianguka kifudifudi, viganja viwili na magoti mawili yamechoreka pale kama yamepigwa mhuri.

"Alikimbia," alisema Koplo. "Kasikia kitu huko nje."

"Mlango wa chuma, kona zote hizi, angesikia nini? Alikimbia kwa sababu ya kitu cha humu ndani."

Chumba cha katikati hakikuwa na maajabu yoyote. Jiwe la kukalia, jiwe la kuwekea mshumaa, basi. Kitanzi cha kiunoni kilikuwa kimevuliwa na kutupwa sakafuni, ingawa nacho ni mwiko kukivua kabla ya kufika juu. Inspekta alimulika jiwe la mshumaa. Bawabu hutengeneza mishumaa yake mwenyewe kwa nta ya nyuki, ya manjano, mifupi, na matone ya manjano yalikuwepo, yameganda. Juu yake yalikuwa yametiririka matone meupe, mengi, ya mshumaa mrefu wa dukani ambao umeme ukikatika kila nyumba huuwasha.

Koplo alihesabu: wa manjano, halafu mweupe, mishumaa miwili. Alipoelewa alitoa tusi moja fupi, akaomba radhi.

Juu, Inspekta alirudi kwenye fundo na taa ile ile, kwa sababu sasa alikuwa na jambo la kulitafuta. Kamba za Mzingile hupakwa nta zisioze kwa unyevu, na nta hushika alama. Karibu na fundo, kwenye mkia mfupi uliobaki, kulikuwa na alama za meno, safu ya juu na ya chini, nzuri, zimekamilika, na nafasi ndogo katikati ya yale mawili ya mbele. Mtu alilikaza fundo kwa mkono mmoja na meno.

Basi si Bawabu, alikiri Koplo, huyu na pengo lake asingeacha safu kama hiyo. Akaanza kuwaza mwingine. Wa nje, labda, kijana mwenye meno yake.

"Marehemu mwenyewe," alisema Inspekta.

"Afande, marehemu hana jino hata moja."

"Sasa hivi hana. Asubuhi alikuwa nayo yote."

Walimwomba baba picha. Alitoa pochi, akatoa picha, akaifuta kwa shati kabla ya kumpa Koplo. Binti alikuwa anacheka, na mwanya wake ulionekana wazi. Pembeni yake alisimama kijana mrefu aliyelowa toka kichwani mpaka miguuni, naye anacheka. Inspekta alimuuliza baba kama fundo lile analijua.

Baba aliinama juu ya mkono wa binti yake, akaliangalia kwa makini.

"Hili ni la mwanangu wa kiume," alisema mwishowe. "Kifungua mimba wetu. Alilitunga mwenyewe. Lakini yeye alishakufa, Afande."

Mahali kama pale mtu huanza kuamini lolote, na Koplo akanong'ona akiuliza kama haiwezekani kwamba marehemu kaka alipanda na kamba kutoka huko chini. Inspekta alimwambia kwamba kituo hakina fomu ya kumkamata maiti, atafute wazo jingine.

Hadithi ya kaka ilitoka kwa baba vipande vipande. Kijana alikuwa fundi wa kusafisha matangi ya maji ya chini ya ardhi, ya shule, ya hoteli, ya maghorofa. Yeye alikuwa akishuka na brashi na ndoo, dada yake akibaki juu kwenye mfuniko ameshika kamba. Mvuto mmoja maana yake pandisha ndoo, mivuto miwili maana yake nivute mimi. Fundo lile dada alikuwa akilifunga mkononi kila walipokuwa na tangi refu, kwa mkono mmoja na meno, kwa sababu mkono wa pili haupaswi kuiacha kamba. Siku ya tangi la shule hakulifunga, tangi lilikuwa dogo. Hewa ikawa mbaya humo ndani, kijana akavuta kamba, na juu hapakuwa na mtu.

"Alikuwa wapi?" Inspekta aliuliza.

"Hakusema. Miaka yote hii, hakusema. Mama yake anasema alikuwa kwenye simu."

Inspekta alimwacha baba hapo, akaenda kwa mama.

Mama alikuwa amewekwa kwenye chumba cha Bawabu, chini ya mishumaa ya manjano iliyoning'inizwa kwa tambi zake. Mwanamke mwembamba, mgongo umenyooka, macho makavu. Watu wa getini waliyaona macho hayo wakasema mama wa watu kajikaza. Inspekta alivuta kigoda, akakaa karibu kiasi cha kugusana magoti.

"Ulitoka kinyumenyume, mama?"

"Ndiyo."

"Taratibu?"

"Ndiyo."

"Magoti yako yana majivu."

Mama aliyatazama magoti yake. Alianza kuyapangusa, akaacha. Inspekta akamweleza habari ya matone meupe, bila kupandisha sauti, na habari ya meno kwenye nta. Akamweleza kwamba huko nje kuna mzee ambaye watu wanataka kumchoma kwa sababu ya neno lake yeye.

"Nilikwenda kutafuta ushahidi," mama alisema. "Kama wewe."

Yeye na mume wake hawakuwa na damu moja, na ndugu zake walishaisha. Binti tu ndiye aliyeweza kumshikia kamba. Aliitaka siku ya tangi. Alitaka amwone kwa macho yake akimwachia kaka yake, aishikilie picha hiyo, amrudishie usoni kila siku mpaka akiri. Mara ya kwanza saa ilikatika kabla hajaona kitu, kwa hiyo mara hii alificha mshumaa wa nyumbani kifuani, asikatizwe tena.

Aliona uwanja wa shule. Aliona mfuniko umefunguliwa na binti yake amesimama ukingoni mwa tundu, mikono yote miwili kwenye kamba. Alisubiri simu ilie. Simu haikulia. Kwenye geti la shule alitokea mwanamke na bakuli la chakula cha mchana, mlinzi akamkatalia kuingia, na mwanamke yule akaanza kumwita binti kwa sauti kubwa.

"Nikamsikia anajibu, 'Mama, nimeshika kamba.' Nikajisikia nasema, 'Njoo mara moja, kamba haina miguu.'"

Mama alirudi kuyapangusa majivu magotini.

"Akaja. Nilimshika pale getini namgombeza kwa kuchelewa. Nilikuwa nimesahau, Afande. Au nilijisahaulisha, sijui. Lakini yeye alijua. Siku zote alijua, na hakunisema kwa mtu yeyote, hata baba yake. Akaniacha nimwite muuaji ndani ya nyumba yetu."

"Na mshumaa wa pili?"

"Wa kwanza ulinionyesha. Wa pili niliuwasha kwa sababu sikutaka kuamini. Niliitazama tena, mwanzo mpaka mwisho. Ndipo nikavua kitanzi, nikakimbia. Nilikuwa nakwenda kumwomba radhi."

Inspekta alikuwa amebakiwa na swali moja, na hakulifurahia. Alimuuliza alichomwambia binti pale kwenye benchi, mwezi uliopita.

Mama aliishika mikono yake mwenyewe. "Nilimwambia huu ndio mkono uliomwachia kaka yake, na leo umemwachia tena. Nikamwambia angekuwa na haya angeufunga."

Mlangoni kitu kiligonga ukuta. Baba alikuwa amesimama pale, haijulikani tangu lini, bega lake limeegemea fremu. Inspekta alijilaumu kwa kutofunga mlango, kisha akaacha kujilaumu, maana mtu huyu alikuwa amemuuliza swali na jibu lake ndilo hili.

"Ulipoliona lile fundo ulijua," Inspekta alimwambia mama.

"Nilijua. Sikuweza kulisema. Nikamtaja mzee."

Inspekta alimwita Koplo, akamwagiza amfungue Bawabu, kisha atoke getini awaambie watu kwa lugha wanayoielewa kwamba mwenye galoni atalala ndani. Pingu zilizotoka kwa mzee zikaja kwa mama, kwa mshumaa wa pili na kwa kauli ya uongo. Yalikuwa mashtaka madogo, na yeyote aliyekuwa chumbani aliuona udogo wake. Mama alinyoosha mikono bila ubishi.

Walipompitisha mbele ya benchi alisimama. Alimgeukia Bawabu, ambaye alikuwa anajisugua vifundo vya mikono, akamwomba saa moja tu, ya siku yoyote ambayo binti yake alikuwa hai, amwambie neno moja.

"Humo hawasikii, mama," alisema Bawabu. Hakuwa na hasira naye, na hilo lilimuumiza mama zaidi. "Tena nani atakushikia kamba?"

Mama alifungua mdomo kutaja jina, akaufunga.

Baba alikuwa ameshapiga magoti mbele ya benchi. Alimtazama Inspekta, na Inspekta, ambaye alikuwa na picha zote za fundo alizozihitaji, aliitikia kwa kichwa. Baba aliuinua mkono wa kushoto wa binti yake, akauweka kwenye kiganja chake.

"Aliyetunga fundo hili alikuwa anampenda dada yake," alisema. Alikuwa anamwambia mke wake, lakini hakumtazama. "Likivutwa na mzigo wa chini, linakaza. Lakini alilitunga ili mzigo ukizidi, wa juu asiburutwe nao. Ukivuta mkia huu mfupi, linaachia."

Akaushika ule mkia mfupi kwa vidole viwili, akauvuta kidogo tu. Fundo lote likalegea, kamba ikateleza na kuangukia sakafuni.

Mama aliitazama kamba, kisha akautazama mkono wa kulia wa binti yake. Ulikuwa umelala mapajani, karibu kabisa na pale mkia ulipokuwa, na haukuwa umefungwa na kitu.